Bwana Alipokwenda Mwenyewe

Somo juu ya wimbo wa watoto wa Kijerumani uliofanywa sinema fupi



Mwezi huu twataka kujifunza jambo kwa wimbo wa watoto. Mtu asidharau somo hili akisema, "Hayo ni mambo ya wadogo." Luther mwenyewe aliwatungia watoto wimbo wa Krismasi, nao ukapigwa chapa mwaka 1535, wala hakuona haya kuwaimbia. Wimbo wa leo si wa kanisani. Ni wimbo wa mchezo tu. Lakini tulipoufanya sinema hapa Kamanga, ulinifundisha mimi niliyekuwa mwalimu kuliko ulivyowafundisha watoto.

1. Habari ya wimbo

Wajerumani wana wimbo wa zamani juu ya bwana mmoja mwenye shamba na mtumishi wake aitwaye Jockel. Jina hilo hutamkwa Yokeli, nalo ni kifupisho cha Yakobo. Habari yake ni hii. Bwana alimtuma Jockel shambani akavune nafaka ya kulisha farasi. Jockel akaenda, lakini hakuvuna, wala hakurudi nyumbani.

Basi bwana akamtuma mbwa amwume Jockel. Mbwa hakumwuma, wala hakurudi. Akatuma fimbo impige mbwa. Fimbo haikumpiga. Akatuma moto uiteketeze fimbo, kisha maji yauzime moto, kisha ng'ombe ayanywe maji, kisha mchinjaji amchinje ng'ombe, kisha mnyongaji amnyonge mchinjaji. Wote walikwenda, na wote wakakaa huko huko bila kufanya walilotumwa. Mwisho bwana akamtuma hata Ibilisi amchukue mnyongaji.

Kila ubeti huwataja tena wote waliotangulia, hata ubeti wa mwisho huwa mrefu, na watoto hushindana nani aweza kuuimba bila kukosea. Maneno ya wimbo hutofautiana kidogo mahali na mahali. Lakini angalieni sana jambo hili: wimbo una miisho miwili. Wengine huimba ya kwamba Ibilisi alipofika wote walishikwa na hofu: mnyongaji akataka kumnyonga mchinjaji, mchinjaji akataka kumchinja ng'ombe, na hivyo hivyo hata kumfikia Jockel, naye akavuna upesi, akarudi nyumbani. Wengine huimba ya kwamba bwana aliondoka, akaenda shambani mwenyewe, na shauri lote likaisha mara moja.

Mwisho upi ni wa kweli? Tutarudi kwa swali hili.

2. Ndugu zake wimbo huu

Wimbo wa namna hii, ambao kila neno limefungwa na lililotangulia kama pingu za mnyororo, si wa Wajerumani peke yao. Wayahudi wanao mmoja wanaouimba usiku wa Pasaka, uitwao Had Gadya, maana yake mwana-mbuzi mmoja. Ulipigwa chapa katika kitabu cha Pasaka huko Prague mwaka 1590. Humo mnatajwa paka, mbwa, fimbo, moto, maji, ng'ombe, mchinjaji na malaika wa mauti, na juu ya wote Mungu mwenyewe. Kila msomaji aona jinsi nyimbo hizi mbili zifananavyo.

Nasi Waswahili tunayo hadithi ya mwalimu Goso. Askofu Edward Steere aliiandika pamoja na hadithi nyingine za Unguja katika kitabu kilichotoka London mwaka 1870. Goso alikuwa akifundisha watoto chini ya mbuyu. Siku moja paa alipanda mtini kuiba mabuyu, na buyu moja likaanguka, likampiga mwalimu kichwani, akafa. Wanafunzi wakatoka kumtafuta aliyemwua mwalimu wao. Wakaenda kwanza kwa upepo wa kusi. Kusi akakana, akisema kwamba kiambaza chamshinda nguvu. Kiambaza kikawaonyesha panya anayekitoboa, panya akawaonyesha paka, paka akawaonyesha kamba, kamba ikawaonyesha kisu, kisu kikawaonyesha moto, moto ukawaonyesha maji, maji yakawaonyesha ng'ombe, na hivyo wakaendelea hata kumfikia paa. Paa hakuwa na la kusema, naye akauawa.

Tazameni tofauti. Katika wimbo wa Jockel, mtu mmoja aketi nyumbani na kutuma wengine. Katika hadithi ya Goso, wanafunzi hawamtumi mtu. Waenda kwa miguu yao, mlango kwa mlango, wakiuliza. Ndiyo maana wao waliliona neno walilolitafuta.

3. Kazi ya sinema katika nchi yetu

Kabla ya kueleza tulivyofanya, yafaa tujue kidogo habari za sinema za mafundisho. Katika miaka ya 1935 hata 1937 ilifanyika kazi kubwa ya kujaribu sinema kwa ajili ya Waafrika, na makao yake yalikuwa Vugiri katika milima ya Usambara. Baraza la Kimataifa la Misheni lilikuwa na mkono katika kazi hiyo, na fedha zilitoka hasa kwa shirika la Carnegie la Marekani. Wakuu wake walikuwa L. A. Notcutt na G. C. Latham. Walitengeneza picha fupi 35, za kilimo, za mifugo, za magonjwa kama safura, na za mambo mengine. Sauti haikuwamo ndani ya picha. Ilipigwa kwa sahani za gramafoni, ili picha ile ile iweze kusemewa lugha mbalimbali. Nao hawakuzituma picha tu. Walisafiri nazo kwa lori, wakazionyesha usiku vijijini, wakawatazama watu walivyozipokea.

Baadaye, mwaka 1939, serikali ya Uingereza iliunda idara ya sinema kwa ajili ya makoloni, na mkuu wake, William Sellers, alifundisha kwamba picha kwa Waafrika ziende polepole, zisirukeruke, wala zisiwe na werevu wowote wa kamera, maana watazamaji wasingefahamu. Sisi tuliolelewa na hadithi ya Goso twaweza kujibu neno hilo kwa upole. Mtoto ashikaye moyoni mwake kusi, kiambaza, panya, paka, kamba, kisu, moto, maji na ng'ombe, kila mmoja mahali pake, bila kumpoteza hata mmoja, hashindwi kufuata picha. Labda watu wale hawakuuliza kwanza ni hadithi gani zilizosimuliwa jioni katika nyumba zetu.

Tena yuko mwanamke wa Kijerumani aliyetufaa sana katika kazi yetu, ingawa hatukumwona kamwe. Jina lake Lotte Reiniger, aliyezaliwa Berlin mwaka 1899. Alikata watu na wanyama kwa mkasi katika karatasi nyeusi, akaunganisha viungo vyao ili vipate kukunjika, akawalaza juu ya kioo chenye taa chini yake, na kamera juu. Akasogeza mkono wa mtu kidogo sana, akapiga picha. Akasogeza tena, akapiga tena. Sinema ya kawaida huonyesha picha 24 kwa nukta moja ya saa, yaani 1,440 kwa dakika. Kwa kazi hiyo ya subira alimaliza mwaka 1926 sinema ndefu ya vivuli juu ya mwana wa mfalme Achmed, na baadaye nyingine nyingi fupi. Macho yaona kivuli tu, lakini moyo wamwona mtu.

4. Tulivyofanya Kamanga

Kamanga iko ng'ambo ya magharibi ya Ghuba ya Mwanza, mahali kinapofika kivuko kitokacho mjini. Mtu akitoka huku kwenda Mwanza huliona jiwe kubwa majini liitwalo Jiwe la Bismarck, jina lililobaki tangu siku za Wajerumani. Mtoto mmoja aliuliza, "Mwalimu, hao Wajerumani wa jiwe walikuwa na watoto? Watoto wao waliimba nini?" Hapo ndipo nilipowafundisha habari ya Jockel, tukaimba kwa Kiswahili kwa maneno yetu wenyewe. Walipoujua vizuri wakataka kuufanya sinema.

Hatukuwa na kioo wala kamera ya ustadi. Tulitundika shuka jeupe, tukaweka taa nyuma yake, tukakata sanamu katika karatasi ngumu za maboksi, tukazifunga viungo kwa uzi na kuzishika kwa vijiti vyembamba. Sanamu zilitembea kati ya taa na shuka, na mbele ya shuka palikuwa na simu moja ya mkononi iliyopiga picha. Waimbaji walisimama pembeni.

Taabu ya kwanza ilikuwa hii. Wimbo hurudia maneno, na masikio hupenda kurudiwa. Lakini macho hayapendi kuonyeshwa kitu kile kile mara tisa. Tulipojaribu kuonyesha tena kila tendo katika kila ubeti, watoto wadogo walianza kupiga miayo. Basi tukafanya hivi: kila aliyetumwa aliingia kwa mwendo wake, akafika shambani, akasimama. Hakuondoka tena. Sauti ziliwataja wote tangu mwanzo, na jicho likawaona wote wamesimama safu moja, nayo safu ikazidi kuwa ndefu. Ulipofika ubeti wa mchinjaji, shuka lilikuwa limejaa. Msichana mmoja akasema, "Mwalimu, watu wote wamekuja shambani, wala hakuna avunaye!" Nikaona ya kwamba picha imesema neno ambalo mimi nilikuwa nimeliimba tu bila kulifikiri.

Taabu ya pili ilikuwa kubwa kuliko ya kwanza. Mtoto aliyepewa kazi ya kumkata bwana alikuwa amemfanya ameketi kitini, na mkono mmoja unaokunjuka kuonyesha njia. Kazi nzuri kabisa. Lakini tulipofika ubeti wa mwisho tuliona ya kuwa bwana hawezi kwenda, maana hana miguu. Nikamwuliza yule mtoto, "Mbona hukumfanyia miguu?" Akajibu, "Mwalimu, yeye hutuma tu. Miguu ya nini?"

Wote wakacheka, nami nikacheka pamoja nao.

5. Mwisho upi?

Basi ilitupasa kuchagua. Tukiuchukua mwisho wa hofu, bwana ataketi kitini mwake, na sanamu yake haina haja ya kubadilishwa. Tukiuchukua mwisho wa pili, hatuna budi kutengeneza bwana mwingine mwenye miguu.

Wavulana wengine walitaka mwisho wa hofu, kwa kuwa unapendeza machoni: wote washtuka, wote wakimbizana. Mmoja akasema, "Tena kazi inafanyika. Jockel anavuna." Nikawaambia wafikiri. Nikauliza, "Kesho nafaka ikiwa tayari tena, itakuwaje?" Wakanyamaza. Kisha msichana yule yule akasema, "Atamtuma Ibilisi tangu asubuhi."

Ndugu, neno hilo lapasa kuandikwa katika daftari ya kila mwalimu na kila mzazi. Atawalaye kwa kutisha hapunguzi kazi yake, bali aizidisha, kwa sababu kila kitisho chataka kingine kilicho kikubwa kuliko cha kwanza, hata kitisho cha mwisho kiwe ndicho cha kwanza.

Basi tukakubaliana: bwana atengenezwe upya, awe na miguu. Na hapo yule mtoto aliyemkata bwana, bila ubaya wowote, akaniuliza mbele ya wote: "Mwalimu, na wewe mbona hukwenda kwa mwenzetu?"

6. Daftari langu

Sina budi kueleza. Katika darasa la kipaimara palikuwa na mvulana mmoja aliyekosa mafundisho ya Jumamosi asubuhi mara nyingi. Huja majuma mawili, kisha hukosa mawili. Nilimtuma mwenzake akamwite. Hakuja. Nikamtuma kijana mkubwa. Hakuja. Nikampa habari mzee mmoja wa kanisa, naye akaenda mpaka njia panda, akatuma neno. Mwisho nikaandika barua ya kwamba, asipokuja, jina lake litafutwa. Nyumba yao ilikuwa karibu na mwalo wa wavuvi, nusu saa kwa miguu.

Jumamosi iliyofuata nilikwenda mwenyewe, kabla ya jua kuchomoza. Nilimkuta mvulana ameinama mchangani pamoja na bibi yake, wakianika dagaa walioletwa na mitumbwi usiku ule. Nikasema, "Shikamoo, bibi." Akajibu, "Marahaba, mwalimu. Karibu, ila mikono yetu yanuka." Kisha akasema, "Barua yako tuliipata. Nikamwambia mjukuu wangu, tulia, mwalimu akija nitamweleza."

Akanieleza. Dagaa huvuliwa kwa taa, usiku usio na mwezi. Siku za giza mitumbwi huingia ziwani, na alfajiri dagaa hufika pwani, nao hawangoji. Wasipoanikwa mapema na kugeuzwa juani, au mvua ikiwakuta, huharibika. Siku za mbalamwezi wavuvi hupumzika. Bibi miguu yamwuma, hawezi kubeba ndoo. Mjukuu ndiye mikono yake na miguu yake, na kwa ujira huo wapata unga na madaftari ya shule.

Niliinama, nikaanika pamoja nao mpaka jua lilipopanda. Niliporudi nyumbani nilifungua daftari ya mahudhurio, nikaiweka karibu na kalenda yenye alama za mwezi. Siku zote alizokosa zilikuwa za giza. Siku zote alizokuja zilikuwa za mbalamwezi. Habari ilikuwa imeandikwa kwa mkono wangu mwenyewe, mstari kwa mstari, nami sikuisoma, maana nilikuwa nikitafuta kosa wala si sababu.

Tangu siku ile, katika majuma ya giza mafundisho huanza saa tisa alasiri. Mvulana huja. Wala si yeye tu: wako wengine watatu ambao sikujua kwamba nao hutoka mwaloni asubuhi na kusinzia darasani. Katika sinema yetu yeye alipewa kazi ya kushika taa, kwa kuwa katika darasa zima hakuna azijuaye taa kama yeye. Picha yenyewe ni ya dakika nne. Wazazi waliitazama katika simu, wakipokezana, na bibi akacheka sana alipomwona bwana akishuka kitini.

7. Mambo ya kushika

La kwanza. Wahenga walisema, mtaka cha mvunguni sharti ainame. Kuna neno lisilopatikana kwa mjumbe, hata mjumbe akiwa mwaminifu, kwa sababu aulizwaye na mjumbe hujibu mjumbe, bali akuonaye wewe hukujibu wewe.

La pili. Tena walisema, mjumbe hauawi. Tusiwalaumu mbwa na fimbo wa wimbo huu. Aliyewatuma aliwapa kazi ya kuumiza wenzao, na labda kule kukataa kwao kulikuwa ndiyo haki iliyobaki shambani. Tuangalie tusiwafanye watoto wetu kuwa wajumbe wa hasira zetu.

La tatu. Someni Marko 12 juu ya shamba la mizabibu, na Luka 15 juu ya mchungaji na kondoo aliyepotea. Katika habari hizo mbili angalieni ni nani atumwaye, na ni nani aendaye mwenyewe. Msiharakishe kufananisha bwana wa wimbo na Mungu. Bwana wa wimbo alikawia, akatuma hata Ibilisi. Lakini furaha ya watoto pale bwana anaposimama yatukumbusha furaha iliyo kubwa zaidi, ya kwamba Mungu hakutupelekea barua tu.

La nne, kwa walimu watakaotaka kufanya sinema kama yetu. Chagueni hadithi ambayo watoto waijua kwa moyo. Wapeni mkasi wao wenyewe. Msiwaambie mapema maana ya hadithi, bali ngojeni mpaka picha iwalazimishe kuchagua. Hapo ndipo watakapoitafuta maana. Na wakiwauliza ninyi swali, msilikimbie.

Maswali ya kujifunza

1. Taja wote waliotumwa na bwana, kwa utaratibu, bila kutazama kitabu.
2. Wanafunzi wa Goso walitofautianaje na bwana wa Jockel?
3. Kwa nini mwisho wa hofu si mwisho wa kweli?
4. Fungua daftari yako ya mahudhurio. Yuko nani aliyekosa mara nyingi? Umetuma wangapi kwake? Nyumba yake iko mwendo gani kwa miguu?